Karatasi Mfukoni mwa Abaya

Umm Salal, Doha
6 Machi 2009

Kwa Baba mpendwa,

Shikamoo Baba. Natumaini u mzima na goti linakuruhusu kupanda ngazi za pale intaneti kwa Bi Hadijah. Mimi ni mzima wa mwili. Moyo ndio hautulii, na leo sikungoja siku yangu ya mapumziko niende intaneti kule Najma mjini kukuandikia. Nakuandikia kwa kompyuta ya Hessa, binti mkubwa wa nyumba hii, naye yuko mlangoni analinda mama yake asije.

Jumatatu nilikuwa nakusanya nguo chumbani kwa Hessa, nikaona karatasi imekunjwakunjwa kitandani. Ilikuwa na hesabu: nusu, jumlisha theluthi, jumlisha robo, jumlisha moja ya tano, hivyo hivyo bila mwisho. Chini yake ameandika kwamba kwa kuwa namba zinazidi kuwa ndogo, jumla lazima isimame mahali. Baba, mdomo wangu ulinitangulia. Nikamwambia, "Hapo umekosea." Alinitazama kama nimeongea kutoka ukutani. Akaniuliza nimejuaje. Nikamwambia baba yangu alikuwa mwalimu wa hesabu chuoni, na nilipomaliza kidato cha sita alinifundisha mambo haya mezani kwetu, kwa sababu tu nilimwuliza.

Tangu hapo ananifuata jikoni, ananifuata roshani ninapoanika. Hesabu hii ameanguka mara mbili chuo kikuu. Akianguka mara ya tatu wanamwondoa uhandisi, na hajawaambia nyumbani kwamba aliwahi kuanguka hata mara moja. Analia, Baba. Sikuweza kukataa.

Lakini naogopa. Mama wa nyumba ana sheria zake, ya kwanza ikiwa sisi wafanyakazi tusikae na watoto wake mlango ukiwa umefungwa. Aliyekuwa hapa kabla yangu aliondolewa siku moja kwa kukutwa ameshika simu ya Hessa, na hakuna anayejua alipelekwa wapi. Wanjiru, Mkenya anayepika hapa, ndiye aliyenisimulia. Akaniambia, "Wee Time, wachana na huyo msichana. Hii nyumba hawaulizi mara mbili."

Mengi nimeyasahau. Nikumbushe ile njia ya kulinganisha, ya kujua mfululizo usio na mwisho una kikomo au hauna. Niandikie kwa Kiswahili. Hapa hakuna wa kukisoma ila Wanjiru.

Mwanao,
Time

*

Chumbageni, Tanga
10 Machi 2009

Mwanangu Time,

Marahaba mama. Mimi sijambo, goti linalalamika lakini linatembea. Barua yako nimeisoma mara tatu. Mara ya kwanza nilifurahi, mara mbili zilizofuata nikaogopa. Kwa hiyo kabla ya hesabu, sikiliza: fundisha kwa mdomo. Usiandike kitu kwa mkono wako katika nyumba ile. Anachotaka kuandika, aandike yeye.

Sasa tuanze na huo wa kwake. Theluthi na robo: theluthi ni kubwa kuliko robo, basi zote mbili pamoja zinazidi robo mbili, yaani zinazidi nusu. Moja ya tano, ya sita, ya saba na ya nane: hakuna iliyo chini ya moja ya nane, nazo ni nne, basi tena zinafika nusu na kupita. Nane zinazofuata, nusu nyingine. Nusu hizo haziishi. Anayejumlisha nusu bila kukoma hana pa kusimama. Mwambie binti kwamba namba kuwa ndogo hakutoshi, swali ni zinakuwa ndogo kwa kasi gani.

Mchukue mwingine: moja, moja ya nne, moja ya tisa, moja ya kumi na sita. Kuanzia ile ya pili, zilinganishe na moja ya mbili, moja ya sita, moja ya kumi na mbili. Hizi nazijua jumla yake, kwa maana ya kwanza ni moja toa nusu, ya pili ni nusu toa theluthi, ya tatu ni theluthi toa robo, zinakulana zenyewe, na jumla haivuki moja. Zako ni ndogo kuliko hizo, kila moja na mwenzake. Basi nazo haziwezi kuvuka. Mfululizo mzima hauvuki mbili.

Huo ndio ulinganisho. Namba zote ziwe chanya. Ukiwa mdogo kuliko wenye kikomo, una kikomo. Ukiwa mkubwa kuliko usio na kikomo, hauna kikomo. Na hapa ndipo wanafunzi wangu wote walipokuwa wakianguka, kwa hiyo mshike mkono: ukiwa mdogo kuliko usio na kikomo, hujajua kitu. Ukiwa mkubwa kuliko wenye kikomo, hujajua kitu. Tafuta mwingine wa kulinganisha naye.

Nijibu upesi, nisikae na mawazo.

Baba yako

*

Umm Salal
24 Machi 2009

Baba yangu,

Shikamoo. Vipi hali, vipi goti? Mvua zimeanza huko? Huku joto limeanza kunyemelea.

Hessa alipata kumi na nne kati ya ishirini katika zoezi la darasani. Alikuja mbio kwenye chumba cha kufulia nilimokuwa, akanikumbatia mikono yangu ikiwa na povu. Nikafurahi, na wakati uleule nikamwona mama yake amesimama nyuma yetu.

Hakupiga kelele. Ingekuwa afadhali angepiga. Aliuliza, "Kuna nini kati yenu?" Hessa akasema hakuna kitu. Jioni ile akaniita sebuleni, akaniuliza mwanawe ananiambia siri gani. Nikasema, "Hakuna siri, mama." Akasema, "Mwanangu halali, hali, anaongea namba peke yake. Na kila nikimtafuta namkuta na wewe." Kisha akaniambia nimletee lile begi langu dogo, akalifungua, akatoa kila kitu, hadi mafuta yangu ya nywele akayanusa.

Baba, sikujua anatafuta nini. Wanjiru ndiye aliyenieleza tukimenya vitunguu. Alinong'ona, "Anafikiri unamroga mtoto wake. Umeskia? Hiyo si mambo ya kufukuzwa kazi tu, hiyo ni polisi."

Pasi yangu ya kusafiria iko kabatini mwa mama huyu, na bila kibali chao siwezi hata kutoka nchi hii. Nimemwomba Hessa amweleze ukweli. Anasema akieleza, yatajulikana na ya kuanguka mara mbili, basi nivumilie hadi mtihani upite, tarehe tisa mwezi wa nne. Kila nikimtazama naona anaogopa kama mimi, tofauti ni kwamba yeye hapelekwi polisi.

Amebakiza swali moja linalomshinda. Moja gawanya kwa n mara kipeuo cha pili cha n, kuanzia moja hadi bila mwisho. Mwalimu wao amesema litakuwepo au ndugu yake. Nisaidie hili tu, kisha nitaacha.

Mwanao anayekutegemea,
Time

*

Chumbageni
27 Machi 2009

Time mwanangu,

Marahaba. Sisi wazima. Nimechelewa leo, nilitoka msikitini nikachukua njia ya Ngamiani bila sababu, nikajikuta sokoni sijui nimefuata nini. Uzee huo, usinicheke.

Swali lako ni jepesi. Moja gawanya kwa n mara kipeuo chake ni ndogo kuliko moja gawanya kwa n. Ule wa moja gawanya kwa n tumeshaona hauna kikomo. Basi na huu, kwa ulinganisho, hauna kikomo. Aandike hivyo hivyo.

Nakuombea. Kaa mbali na mama yule, usibishane naye.

Baba yako

*

Chumbageni
3 Aprili 2009

Mwanangu,

Hujambo? Barua hii usiisome na mtu. Ile ya Ijumaa iliyopita ni makosa. Ni makosa matupu. Asubuhi hii nilikuwa nanyoa ndevu, ikanijia, nikaacha upande mmoja haujanyolewa nikaja hivyo hivyo kwa Bi Hadijah. Kuwa mdogo kuliko usio na kikomo hakusemi kitu! Nimeifundisha kanuni hiyo miaka thelathini na moja. Mfululizo wa binti yule una kikomo. Ajibu una kikomo. Uthibitisho nitakuletea, leo siupati vizuri, lakini jibu ni hilo.

Niandikie neno moja tu kwamba umeipata.

Baba yako

*

Chumbageni
7 Aprili 2009

Mwanangu Time,

Uzima upo? Hujanijibu. Mtihani ni keshokutwa.

Siku nne nimekaa na kalamu kutafuta uthibitisho ambao zamani ningeuandika ubaoni nikiongea na mtu mwingine. Naanza, nafika mstari wa tatu, sijui mstari wa kwanza nilitaka nini. Naanza tena.

Nina jambo nimekuficha, na nalisema sasa kwa sababu pengine limeshakudhuru. Si mara ya kwanza. Mwezi wa kumi na mbili niliacha sufuria motoni nikaenda kwa jirani kutwa nzima, ndiyo maana jiko limepakwa rangi upya, si kwamba nilikuwa na hamu ya rangi. Wiki iliyopita nilisimama na funguo mkononi mbele ya mlango wangu mwenyewe nikangoja mtu anifungulie. Nilisema ni uzee, ni uchovu. Lakini hesabu ilikuwa bado iko salama, na mimi nilijipima kwa hiyo. Kila asubuhi najipa swali moja. Nilikuwa nikilipata, najiambia basi, bado nipo. Kosa nililokuandikia halikutoka kwangu, Time. Lilitoka kwa mtu mwingine anayetumia mkono wangu.

Mwambie binti asiandike lile. Kama amekwisha kuliandika, na kama wanauliza limetoka wapi, wape jina langu. Usibebe wewe.

Baba yako

*

Chumbageni
17 Aprili 2009

Mwanangu,

Nimepiga ile namba ya nyumba uliyoniachia. Alipokea mwanamke, nikataja jina lako, akakata. Nikapiga tena, haikupokelewa.

Bi Hadijah ananifungulia barua kila siku sasa, hata siku ambazo si zangu, na kila siku anatikisa kichwa kabla sijakaa. Kama uko hai, andika. Kama kuna mwingine anayesoma hii, namwomba kwa jina la Mungu aniambie mwanangu yuko wapi.

Mwalimu Suleimani, baba wa Time

*

Umm Salal
2 Mei 2009

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo, shikamoo tena na tena. Niko hai, niko salama, nimekaa mezani jikoni nakuandikia mchana kweupe na hakuna anayelinda mlango. Nisamehe. Barua zako tatu nimezisoma jana, zote kwa mpigo, Wanjiru akinishika bega. Ngoja nikueleze yaliyonipata, kwa utaratibu.

Ile ya tarehe ishirini na saba nilimsomea Hessa kwa Kiarabu, akaiandika kwenye daftari lake. Siku hiyo hiyo mama yake akachukua kompyuta, akaniambia nisikanyage tena ghorofani, na siku yangu ya mapumziko akaifuta. Kazi yangu ikawa kufua na kupiga pasi, katika chumba kilicho nyuma ya nyumba.

Nikipiga pasi nilikuwa nairudia barua yako kichwani. Siku ya tatu nikaona haikai. Nilikumbuka ya tarehe kumi, ulivyosema nimshike mkono mahali pale pale. Nikajiambia haiwezekani, Baba hakosei, mimi ndiye sielewi. Zaidi ya wiki nzima nilijaribu kukufanya uwe sahihi. Mwishowe nikafanya kama ulivyofanya wewe na ule wa kwanza, nikazipanga namba mafungu: moja, halafu mbili, halafu nne, halafu nane. Kila fungu nikachukua namba iliyo kubwa kuliko zote, nikaizidisha kwa idadi yao. La kwanza halizidi moja, la tatu halizidi nusu, la tano halizidi robo, na yaliyo katikati yao nayo yanakatika nusu kwa nusu, kila moja chini ya lile lililolitangulia. Jumla yote haivuki nne. Una kikomo, Baba. Niliketi juu ya rundo la mashuka nikalia, na sikulia kwa sababu ya Hessa.

Mtihani ulikuwa kesho yake. Sikuwa na njia ya kumfikia. Uliniambia nisiandike kitu kwa mkono wangu, nikaandika. Ukurasa mmoja, namba tupu na mafungu yamezungushiwa duara, nikaukunja mara nne, nikautia mfukoni mwa abaya yake niliyokuwa nimeinyoosha.

Mama yake ndiye aliyekuja kuichukua ile abaya aifukize udi. Akatia mkono mfukoni.

Sitaki kukuambia yote. Alipiga ukelele nikadhani ameungua. Alitoka ameishika karatasi kwa ncha za vidole, akaitupa kwenye sinia, akaanza kusoma Ayatul Kursi. Kila duara, kila alama ya kipeuo, aliiona kuwa talasimu. Mume wake alikuwa safarini. Alinifungia kwenye chumba kile cha pasi, nikamsikia akiwapigia ndugu zake simu mmoja mmoja. Kiarabu chake kilikwenda mbio, nikadaka neno moja tu, sihiri, yaani uchawi, na alilisema kila mara.

Nilikaa humo hadi alasiri ya siku ya pili. Wanjiru alinipitishia maji dirishani. Akaniambia, "Hessa amejua. Ameenda mtihani, hajasema kitu." Nilijiona nimekwisha. Nilijaribu kukumbuka uso wako, nikaupata nusu tu.

Alasiri mlango ukafunguliwa. Sebuleni alikuwepo mjomba wa Hessa, kaka wa mama, mhandisi wa gesi. Karatasi ilikuwa juu ya meza. Aliniuliza kwa Kiarabu, polepole, "Nani ameandika hii?"

Nikasema, "Mimi."

"Nani amekufundisha?"

"Baba yangu. Ni mwalimu wa hesabu, Tanga."

Mama akasema, "Anadanganya, ni mtumishi wa kufua huyu." Yule mjomba akanisukumia kalamu. "Basi nieleze."

Kalamu sikuigusa. Nikaomba nieleze kwa mdomo. Nikasema kwa Kiarabu changu cha jikoni: hii moja, hizi mbili, hizi nne. Kubwa ya fungu hili ni hii. Nilikosea maneno, nikayarudia. Hakunisaidia wala hakunikatiza. Nilipofika fungu la tano mlango wa mbele ukafunguka, Hessa akaingia na begi lake, uso umevimba. Mtihani ulikuwa bado saa nzima kwisha. Aliuacha. Alisimama mbele ya mama yake akasema, "Hiyo ni yangu. Ananifundisha. Nimeanguka mara mbili, Mama, sikukwambia. Hajaniroga, nilimwomba."

Mjomba alikunja ile karatasi. Akamwambia dada yake, "Ni hesabu, nayo ni sahihi." Kisha akavaa viatu akaondoka, kana kwamba alikuja kutengeneza bomba.

Hakuna aliyeniomba radhi. Mama yule hakunitazama wiki mbili. Lakini Ijumaa moja alikuja jikoni na tasbihi yake, akavuta kiti, akamwita Hessa, akasema, "Someni hapa, nione." Akakaa. Tumesoma hivyo siku sita, yeye akiwa kati yetu haelewi namba hata moja na haondoki. Hessa alipata tisa kati ya ishirini katika ule alioukimbia. Huo ulikuwa wa katikati ya muhula tu; ana wa mwisho mwezi wa sita, ndio utakaoamua, na safari hii anakwenda anajua.

Jana walimrudishia kompyuta, ndipo nikaona barua zako. Nilimwendea mama wa nyumba nikiwa bado na machozi, nikamwambia baba yangu anaumwa akili, nataka kwenda. Nilitegemea ugomvi. Aliniuliza wewe una watoto wangapi. Nikasema mimi peke yangu. Akaenda kufungua kabati. Pasi yangu ya kusafiria iko hapa mbele yangu. Mumewe ameshatia saini kibali.

Ndege ni tarehe tisa, nitafika Tanga kumi, Jumapili, inshallah. Baba, kosa lile halikunidhuru. Ya tarehe kumi ndiyo iliyonionyesha. Sijui kama hilo linakupa faraja au linakuongezea hofu, mimi linanifanyia yote mawili. Funga jiko. Mwombe Bi Hadijah akusindikize nyumbani.

Mwanao,
Time

*

Chumbageni
5 Mei 2009

Mwanangu Time,

Marahaba, marahaba. Mungu ashukuriwe. Bi Hadijah amenisomea barua yako kwa sauti, kwa sababu macho yalijaa, naye alipofika kwenye kile chumba cha pasi akashindwa, tukaiacha kwanza, akaleta chai.

Mafungu yako nimeyafuata kwa kalamu hadi la tano. Nimeyaelewa. Leo nimeyaelewa, na nimeandika tarehe pembeni.

Sitakuficha tena. Naogopa, mama. Usiku siogopi, naogopa asubuhi, ile dakika ya kwanza kabla sijajua leo nimeamka na nini. Nafurahi unakuja na naona aibu unakuja kwa ajili hiyo. Ulikwenda huko binti wa mtu mwenye akili zake, sijui utamkuta nani.

Nina ombi moja. Ukifika Jumapili nitakuwa nimekaa kibarazani, nimevaa ile kanzu uliyonitumia Idi. Ukiniona nakutazama sikuiti, usisimame pale getini kungoja nikukumbuke. Usinipime. Njoo moja kwa moja, unishike mkono, useme wewe mwenyewe: Mimi Time, mwanao, nimerudi.

Kama nitakuwa nakujua, haitanikera kusikia.

Baba yako